Kwani Tulilala Pamoja?

Saa kumi na mbili na robo asubuhi, mwezi wa Julai. Nimeshuka kwenye basi na begi mgongoni, macho mekundu. Usiku kucha nimekuwa nikipanga vifurushi kwenye ghala moja karibu na uwanja wa ndege wa Memphis, jimbo la Tennessee, na roho yangu ilikuwa imeshatangulia kitandani. Mwili ndio uliokuwa unaifuata nyuma. Kwenye baraza ya nyumba ya tatu toka kituoni alikaa mama mtu mzima: gauni la kulalia la maua, rola kichwani, kikombe cha kahawa mkononi. Nikampita kimya. Sijamaliza hata hatua tano nikasikia:

“Samahani, bwana. Kwani mimi na wewe jana tulilala kitanda kimoja?”

Nilisimama. Kiingereza changu wakati ule kilikuwa cha vitabuni, kwa hiyo niliitafsiri sentensi ile mara mbili kichwani nikitafuta ni wapi nimeelewa vibaya. Mama huyu ana umri wa kumzaa mama yangu. Nikaanza kujitetea kwamba hapana, mimi nilikuwa kazini, nina kitambulisho cha zamu, wenzangu wapo wa kunishuhudia. Akapiga funda la kahawa, akaniacha niape mpaka nichoke, kisha akasema polepole kama mwalimu wa darasa la kwanza: “Basi kama hatukulala pamoja, leo bado hatujaonana. Na watu ambao hawajaonana, wanasalimiana.”

Hapo nikamsikia bibi yangu mzaa baba, yule wa Maswa, kwetu Tanzania. Ukitoka kitandani ukaenda moja kwa moja kufunua sufuria ya viazi bila kumwamkia, alikuwa anakuuliza: “We, umelala humu jikoni?” Hesabu ni ileile. Anayesamehewa salamu ya asubuhi ni yule tu mliyeamka naye ubavuni, na huyo naye mkewe ana maoni yake.

Nilichanganyikiwa kiasi kwamba salamu iliyonitoka haikuwa ya Kiingereza. “Shikamoo,” nikasema.

“Shika nini?”

Nikamweleza ni heshima, ni ya kumwamkia mkubwa, na wazee wetu husema maana yake ni nashika miguu yako. Akaitazama miguu yake ndani ya ndara, akairudisha chini ya kiti. “Hapana. Miguu yangu bado hamjafahamiana kiasi hicho.” Halafu akacheka, kicheko kirefu kilichomwaga kahawa kwenye gauni, na asubuhi iliyofuata alikuwa ananisubiri. Siku hizi nikichelewa kuisema ananidai. Na “marahaba” anaivuta kwa lafudhi ya Memphis mpaka inakuwa na silabi saba.

Mtaa wenyewe unaitwa Orange Mound. Ulianza mwaka 1890, kwenye ardhi iliyokuwa shamba kubwa la familia moja ya Wazungu, na ni miongoni mwa mitaa ya kwanza Marekani iliyogawanywa viwanja ili watu weusi wanunue na kujenga nyumba zao wenyewe. Nyumba ni ndogo, nyingine nyembamba kama mabehewa, na karibu zote zina baraza mbele, inayotazama barabara. Nimesikia watu wakisema mtu aliyekaa barazani saa kumi na mbili asubuhi hana kazi. Si kweli. Yule ndiye aliye kazini.

Katika maduka makubwa ya mji huu, mtu akikuuliza hali yako hataki kuijua. Ukianza kumweleza, foleni yote itakutazama vibaya. Barazani ni swali kamili, na linataka jibu lenye ufundi. Nilichukua miezi kuelewa kwamba “nzuri” halikuwa jibu. “Nzuri” ni kama kualikwa harusini ukaleta chumvi.

Anayeleta barua, mama mwenye kaptula ya bluu, akiulizwa hali anajibu kwamba amebarikiwa na kupewa neema nyingi. Nilidhani ni majigambo ya walokole mpaka nilipofungua Luka 1:28, pale malaika anapoingia kwa Mariamu: “Salamu, uliyepewa neema.” Kumbe ameichukua salamu ya malaika mwenyewe na kuitoa kama jibu, huku amekumbatia bahasha za madeni ya watu. Fundi bomba anasema siku yoyote aliyo juu ya udongo ni siku njema. Mzee wa nyumba ya kona, mwenye gari la tangu enzi za Rais Reagan lisilowaka, anasema hawezi kulalamika, na hata akilalamika hakuna atakayemsikiliza. Bi Jirani (nitamwita hivyo, jina lake si la kuweka hapa) habakii kwenye jibu moja. Siku moja aliniambia: “Nimeamka nikiwa mweusi, goti linauma, na bili zote ziko mezani palepale. Kwa hiyo hakuna mwizi aliyeingia.”

Vijana wao hawasemi kitu, wanatumia kichwa. Kidevu kikipanda, anakujua. Kidevu kikishuka, hakujui ila anakutambua kuwa ni mweusi mwenzake na anakupa heshima yako. Nilichanganya mambo hayo kwa wiki nzima, nikawa nawapandishia kidevu wazee wa kanisa kama mhuni.

Jibu lililoniweka hapa mtaani kwa kudumu, hata hivyo, lilitoka kwa yule mzee wa gari bovu, siku ambayo hakutaka kusema kwamba hawezi kulalamika. Alisema yuko wastani kwenda mzuri, na kwa neno la wastani akatumia “middling”. Nikamuuliza neno hilo limetoka wapi. Akanitazama kama mtu aliyekuwa amelisubiri swali hilo tangu ujana wake.

“Pamba,” akasema.

Ni hivi. Mtaa wa Front, kando ya mto Mississippi, ulikuwa mahali pa wafanyabiashara wa pamba, na Memphis ilikuwa moja ya masoko makubwa ya pamba duniani. Sampuli zilimwagwa mezani, mpimaji akavuta nyuzi kati ya vidole, akaangalia rangi, takataka na urefu wa uzi, akatamka daraja. Hiyo “middling” ndiyo ya katikati. Nyingine zinahesabiwa kwenda juu au chini kutoka hapo. Babu wa mzee huyu alilima pamba upande wa jimbo la Mississippi kwa mtindo wa kugawana mavuno na mwenye shamba. Mbegu kwa mkopo, unga kwa mkopo, na mwisho wa msimu mwenye shamba ndiye anayeshika daftari. “Babu yangu hakuwahi hata mara moja kuulizwa pamba yake ni daraja gani,” mzee akaniambia. “Aliambiwa. Mimi kila asubuhi najipangia.”

Sasa, mimi ni mtoto wa pamba. Maswa tuliita dhahabu nyeupe, ingawa dhahabu yenyewe ilikuwa inaishia kwa wengine. Nimekaa kwenye mkeka na ndugu zangu tukichambua: pamba safi huku, pamba fifi kule. Fifi ni ile yenye madoa, iliyoliwa na wadudu au kunyeshewa. Nimesimama foleni nyuma ya baba yangu nikimtazama karani wa mizani akitazama sindano kwa jicho lake, si kwa jicho letu. Kwa hiyo nilimwelewa mzee yule kuliko alivyotegemea, na nikataka aone kwamba nimemwelewa. Nikamwambia: kwetu pamba ina madaraja mawili tu, na mimi asubuhi hii, baada ya saa tisa za kubeba mizigo, ni fifi.

“Ni nini?”

“Fifi. Mimi ni fifi.”

Kimya kikatanda. Kisha barabara nzima, maana sauti yangu ilikuwa imefika, ikalipuka. Hakuna aliyekuwa ameniambia kwamba Marekani Fifi ni jina la kijibwa cha manyoya, kile cha matajiri, chenye utepe kichwani na kucha zilizopakwa rangi.

Miaka minne sasa. Kila asubuhi natoka kwenye basi, mwanaume wa kilo tisini na tano, ndevu zimeanza mvi, na kutoka baraza hadi baraza naitwa: “Asubuhi njema, Fifi!” Mtoto wa nyumba ya nne anabweka.

Lakini majina hapa si mchezo tu, na nilijifunza hilo kwa kukaripiwa mara ya pili. Kazini tunaitana majina matupu, meneja kwa mfagiaji, na nilidhani ndiyo desturi ya nchi. Nikamwita Bi Jirani kwa jina lake, hivyohivyo, bila kitu mbele. Hakukasirika kwa sauti. Aliweka kikombe chini. Akaniambia mtaa huu mzima unamwita Miss halafu jina lake, na kwamba mama yake aliishi miaka themanini katika mji huu na kwenye maduka ya Wazungu hakuna aliyewahi kumwita Bibi Fulani hata siku moja.

Kuna kesi ninayoipenda, kama kesi inaweza kupendwa. Mwaka 1963 mwanaharakati kijana, Mary Hamilton, alikuwa kizimbani Gadsden, jimbo la Alabama. Mwendesha mashtaka aliwaita mashahidi wazungu kwa Bwana na Bibi, yeye akamwita “Mary”. Akasema hatajibu swali lolote mpaka aitwe Miss Hamilton. Hakimu akamwamuru ajibu, akakataa, akapewa siku tano jela na faini ya dola 50 kwa kudharau mahakama. Kesi ilipanda mpaka Mahakama Kuu ya Marekani, na mwaka 1964 majaji wakaifuta hukumu ile. Mtu alienda jela kwa ajili ya neno moja la salamu. Nikikumbuka jinsi sisi tunavyomwaga “mheshimiwa” kwa kila mwenye tai, naona aibu kidogo.

Katika miongo hiyo Mzungu wa majimbo ya Kusini mwa Marekani, akitaka kumsemesha mama mzee mweusi bila kumpa “Bibi”, alimwita shangazi. Mzee wa kiume alikuwa mjomba. Hebu fikiria: maneno ambayo kwetu ndiyo heshima yenyewe, pale yaligeuzwa kuwa njia ya kuikwepa. Na mwanaume ambaye hajazeeka, hata awe na watoto sita, alikuwa “boy”. Neno hilo Waswahili hatuhitaji kufafanuliwa. Lilitufikia kwa meli ileile, tukalitia kwenye lugha likawa boi, mpishi na mfua nguo wa bwana mkubwa, awe na mvi asiwe nazo. Februari 1968 wazoa taka wapatao 1,300 wa jiji hili la Memphis walipogoma, baada ya wenzao wawili kusagwa ndani ya gari la taka, mabango yaliyobakia kwenye picha hayakuandikwa kiwango cha mshahara. Yaliandikwa: MIMI NI MWANAUME.

Kwa hiyo mzee wa mtaa huu akiniita Fifi, mimi naijua tofauti. Jina hilo nimepewa na watu waliokwisha kunipa kiti barazani.

Kuna kicheko kimoja cha jiji hili ambacho ningetoa mshahara wa mwezi kukisikia. Mwaka 1948 redio ya hapa, WDIA, mali ya Wazungu wawili waliokuwa wanaelekea kufilisika, iliamua kumweka Mweusi kwenye kipaza sauti. Alikuwa Nat D. Williams, mwalimu wa historia wa sekondari. Inasimuliwa kwamba taa ilipowaka na zamu yake ikafika, maneno yote aliyoyaandaa yalimtoroka. Akakaa kimya mbele ya mji mzima. Halafu akaangua kicheko, kicheko cha tumboni, na waliokuwa studio wakacheka naye, na tangu siku hiyo akawa anafungua kipindi chake kwa kicheko. Muda si mrefu kituo kizima kikawa cha watu weusi, cha kwanza Marekani kupanga matangazo yake yote hivyo, na mwaka 1954 mitambo yake ikapandishwa hadi wati 50,000. Mwanamuziki B.B. King alipita pale, mwenzake Rufus Thomas naye. Bi Jirani alikuwa binti mdogo. Anasema asubuhi nyumba ilikuwa haianzi mpaka redio ianze, na kwamba mama yake alikuwa akiijibu. Redio inasema asubuhi njema, mama naye anaijibu, mgongo kwenye jiko, kwa sauti na kwa adabu zote. Nimemwelewa sana mama huyo. Redio ilikuwa imemwamkia vizuri.

Kanisani nilipelekwa na Bi Jirani huyohuyo, kwa nguvu, Jumapili ambayo nilikuwa sijalala saa ishirini na mbili. Shemasi mmoja mzee alisimama kuomba, akaanza kwa kushukuru kwamba ameamshwa leo na akili zake timamu, damu bado inatembea kwenye mishipa. Kisha akasema maneno ambayo nimekuja kujua ni ya zamani sana katika makanisa ya watu weusi, yanapita mdomo kwa mdomo: asante, Bwana, kwamba kitanda changu usiku huu hakikuwa ubao wa maiti, wala shuka langu halikuwa sanda. Ubao huo ulikuwepo kweli. Kabla ya nyumba za maiti za kisasa mtu akifa alinyooshwa juu ya ubao nyumbani kwake, chini yake barafu kama ipo, mpaka jeneza liwe tayari. Kanisa likaitikia. Kilichonishangaza ni kwamba nusu ya watu walikuwa wanacheka, si kwa dharau, wanacheka kama mtu aliyekoswakoswa na lori.

Nilipomsimulia rafiki yangu wa Tanga tunayefanya naye zamu, aliacha boksi hewani. “Hiyo si dua yetu?” akasema. Kwa Waislamu mtu akiamka humshukuru Mungu aliyemhuisha baada ya kumfisha, maana usingizi ni mauti madogo. Bibi yake akimaliza dua hiyo alikuwa anatoka uani na kuwaambia majirani “sabalkheri” kwa sauti ya mtu aliyerudi safari. Toka siku hiyo sisi wawili tukimaliza zamu hatuagani kwa “usiku mwema”, ingawa ndio tunakwenda kulala. Tunaambiana sabalkheri, meneja anadhani ni jina la timu ya mpira.

Tumefika kwenye Kiswahili, acha nilitoe na hili. Tarehe 26 Desemba, mwaka wangu wa kwanza, Bi Jirani alinisubiri barazani amevaa kilemba cha kijani na nyekundu, na kabla sijatia shikamoo akapaza: “Habari gani!” Machozi yalinilenga. Mtu baridi imembana, yuko mbali na kwao, anasikia lugha yake toka kinywa cha jirani. Nikajibu kwa moyo wangu wote: “Nzuri sana, sijui zako!”

“Umekosea,” akasema.

Kumbe ni Kwanzaa. Sikukuu hii ilianzishwa mwaka 1966 na Maulana Karenga huko California, siku saba hadi Januari mosi, na maneno yake ameyachukua kwenye Kiswahili. Salamu ni “habari gani?” na jibu ni msingi wa siku hiyo. Siku ya kwanza unajibu Umoja. Siku ya pili mtu akikuuliza habari gani, unatakiwa umjibu, macho makavu, “Kujichagulia.” Nilijaribu kumweleza kwamba hii ni lugha yangu, nimezaliwa nayo pamoja na Kisukuma, na hakuna mtu yeyote kutoka Maswa hadi Mombasa anayeulizwa habari akajibu kujichagulia. Alinisikiliza vizuri. “Lugha ni yako,” akasema. “Sikukuu ni yangu.” Siku ya nne nikajibu “Ujamaa!” nikiwa nimesimama wima, nikimwaza baba yangu ambaye miaka ya sabini alihamishiwa kijiji cha ujamaa na vitu vyake vyote juu ya trekta, na ambaye akiulizwa habari za ujamaa alikuwa hajibu hivyo.

Sasa nije kwenye picha.

Saa kumi na mbili kamili simu yangu hutetemeka. Ni Bi Jirani. Kikombe cha kahawa cha dhahabu kinachofuka moshi, waridi zinazometameta, na juu yake maandishi ya kuwabariki wanafamilia wote Jumanne hii. Kesho yake, bibi mwenye miwani ya jua anamwambia shetani kwamba leo hana nafasi. Keshokutwa, malaika mwenye afro kubwa kuliko mabawa. Mama yangu naye, kutoka Maswa, kwenye grupu la ukoo, anatuma zake: waridi, kikombe, mtoto wa Kizungu amelala juu ya mwezi, “Asubuhi njema wapendwa.” Nilimwonyesha Bi Jirani za mama. Akazipenda, ila akauliza kwa nini malaika wote wa Tanzania ni wazungu. Sikuwa na jibu. “Mwambie mama yako,” akasema, “malaika wa Kizungu wana watu wao wa kuwaamsha,” akanipa wake thelathini nizitume nyumbani. Sasa hivi malaika mwenye afro anazunguka wilaya ya Maswa kwa kasi, na shangazi yangu anasema anafanana na binti wa mwalimu mkuu wa zamani.

Nakiri: kwa mwaka mzima picha hizo nilizizima sauti. Niliziona ni takataka za simu, mambo ya watu wasio na kazi. Sikuzijibu, au nilizijibu saa kumi jioni nikiamka. Mpaka siku moja saa mbili na nusu asubuhi nikagongewa mlango kwa nguvu za polisi. Nikafungua nikiwa na shuka. Ni mzee wa gari bovu, anahema, fimbo mkononi. Akanitazama kutoka juu mpaka chini, akatoa simu, akapiga: “Fifi yupo. Alikuwa amelala.” Akakata. Akageuka kwenda zake.

Nikamfuata mpaka barazani kwake, na shuka langu, nikaelezwa. Picha ile inakwenda kwa watu kumi na tisa, wengi wao wazee wanaoishi peke yao. Wanaporudisha chochote, hata kidole gumba, Bi Jirani anaweka alama kwenye karatasi iliyobandikwa kwenye friji. Ikifika saa mbili, asiye na alama anapigiwa. Asipopokea, anayekaa karibu naye anakwenda na miguu. Mwaka uliotangulia waliingia kwa mama mmoja wakamkuta ameanguka bafuni, nyonga imevunjika, yuko hapo tangu usiku. Aliishi. Anasema alipokuwa sakafuni aliisikia simu ikilia chumbani na akajua ni kikombe, kwa hiyo akaanza kuhesabu, kwamba mpaka saa mbili na nusu atakuwa amepata mtu.

Mimi nilikuwa nimeingizwa kwenye karatasi ile bila kuombwa ruhusa, mtu wa miaka arobaini na moja, mwenye afya. “Unaishi peke yako,” akaniambia, “na unatembea usiku. Ulitaka nikuweke wapi?”

Wiki tatu zilizopita, Alhamisi, saa kumi na mbili ikafika nikiwa ndani ya basi, na simu haikutetemeka. Nikangoja. Kumi na mbili na dakika tano. Na kumi. Niliposhuka baraza ilikuwa tupu, kiti cha bembea kimesimama. Sikumbuki kupanda ngazi. Nilichokumbuka ni ubao wa shemasi. Nikagonga, nikagonga na dirisha, nikaita jina lake tupu, bila Miss.

Mlango ukafunguka. Rola kichwani, simu mkononi, amenuna.

“Asubuhi njema, Fifi,” akasema, taratibu, akisubiri.

Nikaisema shikamoo, na jina lake nikalirudia kamili. Akapokea zote mbili. Kisha akanipa simu: imejaa. Imegoma kutuma, imegoma kupokea, inadai afute vitu. Tukakaa barazani, mimi nafuta, yeye anatazama juu ya bega langu. Zilikuwa maelfu: vikombe, waridi, malaika. Nikafika kwenye jogoo mmoja mwenye taji la dhahabu, akanishika mkono. Huyo asifutwe. Aliyemtuma alifariki Machi, na ndiyo ya mwisho kwake. Njiwa yule naye abaki, ni wa dada yake. Na ua lile, na Yesu mweusi aliyekaa kwenye upinde wa mvua. Tulikuwa tunakwenda hivyo, moja inabaki, kumi zinafutwa, na jua likawa limeshapanda juu ya nyumba za ng'ambo, na mimi sijalala.

Tukafika kwenye zangu. Picha mia na ushee, karibu zote za yule mtoto wa mama yangu aliyelala juu ya mwezi. Nikainua macho nimuulize.

“Futa zote,” akasema. “Wewe si upo.”